Mafao ya kustaafu kutoka mfuko wa umma yamechelewa: Tume au Mahakama Kuu?
Kupeleka malalamiko Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora ni bure, wala huhitaji wakili. Ila Tume hutoa mapendekezo, si hukumu. Mahakama Kuu Mtwara hutoa hukumu inayomfunga mdaiwa, lakini kwanza mpe notisi ya siku 90, nakala kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali, ambaye lazima aunganishwe kwenye shauri. Ukimsahau, shauri linatupwa, na nauli ya kutoka Masasi imeshaliwa. Tume haichunguzi jambo lililoko mahakamani, kwa hiyo tunashauri uanze na Tume. Kokote uendako, beba barua ya ajira, ya kustaafu na taarifa ya michango. Majina yakitofautiana hata herufi moja, ambatisha kiapo kwamba ni ya mtu mmoja.