Tathmini ya programu ya kusimamia mtandao iliyowekwa bila leseni

Nilipokabidhiwa usimamizi wa mtandao wa ofisi moja, nilikuta programu ya kusimamia mtandao ikiendeshwa kwenye seva kwa nakala ya wizi, yaani ile ambayo kufuli yake ya leseni imevunjwa na mtu asiyejulikana. Niliitumia kwa siku chache kabla ya kuamua hatima yake, na tathmini hii inatokana na niliyoyaona.

Kwa utendaji, sikuona kasoro. Ruta na swichi zote, yaani vifaa vinavyounganisha kompyuta na kupitisha data, zilionekana kwenye skrini moja, grafu za matumizi zilichorwa vizuri, na kifaa kilipozimika taarifa ilifika kwa barua pepe mara moja. Ubora huo ndio unaowafanya watu waiamini, kwa sababu hakuna anayeishuku programu inayofanya kazi yake.

Shaka yangu ilianza niliposoma maelekezo ya kuiweka, yaliyokuwa bado kwenye folda yake. Yalimtaka msimamizi azime antivirusi, aendeshe faili dogo kwa mamlaka yote ya kompyuta, kisha aizuie programu isiwasiliane kamwe na mtengenezaji. Faili kuu nalo halikuwa tena na sahihi halali ya kidijitali, yaani alama ya kuthibitisha kwamba faili limetoka kwa mtengenezaji bila kuguswa, kwa kuwa faili likishabadilishwa sahihi hiyo huvunjika, na hivyo hapakuwa na njia ya kujua ni nini kingine kilichoongezwa humo.

Nakala ya wizi ya programu ya kuhariri picha inaweza kuponza kompyuta moja, lakini hii inashika funguo za nyumba nzima. Ndani yake mna manenosiri ya kuingilia kwenye vifaa, nakala za mipangilio ya kila ruta, na maneno ya siri ya SNMP (itifaki ya kufuatilia na kusimamia vifaa vya mtandao), ambayo katika toleo lake la 1 na la 2c husafiri mtandaoni bila kufichwa. Isitoshe, faiwoli, yaani kinga inayochuja mawasiliano ya mtandao, huwa imeagizwa kuiruhusu ifike kila mahali, kwa hiyo mvamizi aliyejificha ndani yake hupita njia zilezile za kazi halali, na ni vigumu sana kumtambua.

Wapo watakaosema kwamba hata programu halali huvamiwa, na ni kweli. Mwaka 2020 iligundulika kwamba wavamizi walikuwa wamepenyeza msimbo wao ndani ya masasisho rasmi ya Orion, programu ya kusimamia mitandao ya kampuni ya SolarWinds, na wateja wapatao 18,000 walipokea masasisho hayo yakiwa na sahihi halali ya kampuni yenyewe. Hata hivyo, wateja hao walikuwa na mtu wa kuwaonya, na toleo lililosafishwa liliwafikia. Aliyekata mawasiliano na mtengenezaji hupata hatari hiyohiyo bila onyo wala tiba, na kila udhaifu unaotangazwa hadharani hubaki wazi kwake, huku wavamizi wakiwa wameshausoma.

Kwa sababu hizo siwezi kuipa hata nyota moja. Kinachonisikitisha zaidi ni kwamba haikuwa na ulazima wowote, kwani Zabbix na LibreNMS ni programu huria zinazopatikana bila malipo ya leseni, na zinasimamia vifaa vya aina zote tulivyokuwa navyo. LibreNMS ndiyo tuliyoichagua. Inahitaji subira wakati wa kuiweka, hasa kwa asiyezoea Linux, lakini hugundua vifaa yenyewe na masasisho yake huja mara kwa mara.

Kuifuta ile ya zamani hakukutosha. Tuliichomoa seva kwenye mtandao, tukafuta diski yote na kuweka mfumo upya, tukahamia SNMP toleo la 3 lenye usimbaji fiche, yaani linaloficha data inaposafiri, kisha tukabadilisha nenosiri la kila kifaa, hata swichi ndogo za pembeni ambazo hakuna aliyekumbuka mara ya mwisho ziliguswa lini.