Pikipiki imeshikwa na polisi kama kielelezo, yaani ushahidi wa kesi: uombe urudishiwe sasa ama ungoje kesi iishe?

Kwa Kenya njia ni hizi mbili, na watu wengi wanachagua ile mbaya juu hawajui nyingine ipo.

Kungoja ndio rahisi, huandiki chochote. Kifungu cha 121 cha sheria ya mwenendo wa jinai kinaruhusu mali ikae mpaka kesi iishe, na rufaa ikikatwa korti inaweza kuizuia tena. Kifungu kinasema itunzwe vizuri, lakini pita kituo chochote cha polisi uangalie pale nyuma, tairi zimekufa, kiti kimepasuka na jua, nyasi imepenya katikati ya spoku, na mwenyewe bado analipa loni kila wiki!

Kuomba mapema kunataka kazi kidogo. Unapeleka ombi kwa korti ile ile inayosikiza kesi, unaegemea kifungu cha 177 cha sheria hiyo hiyo, kinachoruhusu korti irudishe mali kwa mwenyewe, unaonyesha logibuku ni yako, unaomba polisi wapige picha na afisa atoe cheti cha kuthibitisha hizo picha ili zitumike badala ya pikipiki yenyewe. Hakimu akikubali mara nyingi anaweka masharti, usiuze, usibadilishe rangi, uilete ukiitwa.

Mimi ningeomba siku ya kwanza, hasa kama mshtakiwa ni dereva tu na wewe ndiye mwenye mali. Ila kama umiliki wenyewe unabishaniwa hapo hakimu ana haki ya kusita, na kwa kesi za dawa za kulevya jiandae kwa vita kali zaidi.