Kinyambua cha mkono: mwaloni Kigoma kinalipa, ila sarufi uwe nayo

Kinyambua kimeshaingia maduka ya Mwanga, hapa Kigoma mjini, kwa Sh 240,000, na wanaokiulizia zaidi ni wenye vichanja vya dagaa kwenye mialo ya Kibirizi na Katonga, mitumbwi inaposhusha samaki, pamoja na wachuuzi wa migebuka, samaki wa Ziwa Tanganyika. Kwa kazi hizo mbili pesa inarudi. Hayo mengine yaliyoandikwa kwenye boksi, soma kwanza hapa.

Chenyewe ni kidude cha ukubwa wa redio ndogo: maiki, kioo, swichi ya kuzungusha, betri kubwa 4 za tochi. Unakiambia sentensi moja, kinashika kiambishi cha wakati kwenye kitenzi, kisha kinasogeza muda wa kile ulichokitaja, ndani ya mita 2 tu.

Kiambishi kitakachokulisha ni -me-. Anika dagaa, waache hadi ngozi ya juu ianze kushika, maana -me- humalizia jambo lililokwisha kuanza. Ukiisema juu ya dagaa waliotoka mtumbwini sasa hivi, taa ya njano itawaka na hakuna kitakachotokea. Upepo wa ziwa uupe mgongo, maiki uikinge kwa kifua, bonyeza, tamka pole pole: "Dagaa wamekauka." Kichanja kimoja huchukua kama sekunde 20. Ukiridhika ongeza "wameshakauka", maana -mesha- hufunga kazi isirudishwe nyuma kwa bahati mbaya.

Kinachowaharibia watu kazi ni ngeli. Mwaloni kila mtu anasema "dagaa zimekauka" na anaeleweka vizuri tu. Kinyambua kimefundishwa Kiswahili sanifu: dagaa ni kiumbe, anachukua a- na wa-. Tena kinaamini kiambishi kuliko nomino. Kikisikia "zi-" kinatafuta kitu chochote cha zi- kilicho karibu, na hapo mwaloni kitu hicho ni nyavu. Zinakauka kau mpaka kamba inalia ukiikunja, huku dagaa wamelala na maji yao na betri imeshuka robo. Lawama nyingi kwamba mashine ni mbovu zinatoka hapa, na mashine haina kosa.

Kwa migebuka tumia -ja-. "Migebuka hawajaoza", na betri mpya, inashika saa 6, zinazotosha kufika Kasulu na chenji ikabaki. Ila elewa kinachofanyika: -ja- maana yake bado. Uozo umezuiwa, haujafutwa, na muda ukiisha samaki anaendelea pale pale alipokuwa. Mwenye kuuza jioni asiseme saa 2 asubuhi akatembea zake. Wapo wanaojaribu ujanja wa "hawakuoza" ili wafunge mjadala kabisa. Hiyo -ku- ni kanusho la jambo lililopita, na kama samaki ameshaanza kunuka, kioo kinaandika UONGO kwa herufi nyekundu mbele ya mteja. Usiombe.

Usiguse hu-. Haina kiambishi cha nafsi wala mwisho wa wakati, kwa hiyo ukisema "dagaa hukauka" mashine haijui isimame wapi. Itakausha mpaka betri zife, na utakachokusanya kichanjani ni unga.

Kitufe cha Kutendua ndicho kinachotangazwa kwa kelele kuliko vyote, na ndicho chenye mipaka mingi. Kinarudisha tendo nyuma pale tu ambapo lugha yenyewe ina jozi: funga na fungua, kunja na kunjua, tega na tegua, anika na anua. Mvua ikitokea ghafla, jozi ya anika na anua inarudisha dagaa wote kwenye tenga kwa mpigo mmoja, wabichi kama walivyotoka, kwa hiyo usiibonyeze kama wameshafika nusu. Pika haina jozi. Wali ukiungua, umeungua. Na wachoma mkaa wasidanganywe na chomoa: hiyo hutoa kilichochomekwa, kama mwiba au kisu, haigeuzi mkaa ukawa gogo.

Kadi ya -ngali- inauzwa peke yake, Sh 65,000. Achana nayo. Sharti la -ngali- limeshapita, kwa hiyo kinyambua kinakuonyesha kwenye kioo mambo yangalikuwaje, kisha basi. Ni kununua majuto kwa hela taslimu. -nge- imo ndani tayari na inafanya kazi, mradi pande zote mbili zifanane. Ukichanganya "ungekuja ningalikupa", fyuzi inakatika. Fyuzi ni ya ampea 1, nunua tatu za akiba.

Saa nayo inataka uangalifu. Kinyambua kinahesabu kwa Kiswahili: saa 12 asubuhi ni jua linapotoka, saa 1 inafuata. Anayenakili 10:00 ya simu akaingiza saa 10 anajikuta amesogeza shughuli kwa saa 6 nzima. Halafu kimepimwa Dar es Salaam. Kigoma tuko magharibi kwa nyuzi zaidi ya 9, jua letu linachelewa kama dakika 38, na maneno kama alfajiri na magharibi yanawahi mno. Nyuma kuna skrubu ndogo yenye alama ya jua. Izungushe kushoto hadi kioo kisome 38. Kazi ya dakika moja, na wauzaji hawaisemi.

Upungufu wa kweli ni -li-. Inabeba ya leo asubuhi na ya mwaka juzi bila kutofautisha, hivyo lazima utaje siku. Kiha, lugha ya Waha wa hapa Kigoma, kinatenga yaliyotokea leo na yaliyotangulia ndani ya kitenzi chenyewe. Mashine inayouzwa hapa ingestahili kukielewa.

Tahadhari pia na vitenzi vifupi. Penye -ki- na -ka-, ku- ya "kula" inadondoka: "mbwa akila". Ukisema "mbwa akikula", kidude kinasikia kwamba anayeliwa ni wewe, na mbwa aliye ndani ya mita 2 atasogezewa wakati wa kulifanya hilo.

Vilivyotumika vinapatikana kwa Sh 130,000 hivi. Kabla ya kulipa, zungusha swichi hadi -ka- na usiseme neno. -ka- haianzi habari, inafuata -li-, kwa hiyo kama kumbukumbu haikufutwa itaendeleza sentensi ya mwenye nacho wa kwanza, popote alipoiachia. Kioo kikionyesha maandishi yoyote, toa betri, shika kitufe cha Kutendua hadi taa zote zizime, rudisha betri, kisha anza na sentensi yako yenye -li-. Yakirudi, mrudishie muuzaji.