TV ya gemu Mbeya: usiulize inchi kabla hujaijaribu na pedi

Malalamiko ni yaleyale, yawe ya Mwanjelwa, Makambako au Kihesa kule Iringa: TV mpya, picha inang'aa, lakini kipa anaruka mpira ukiwa umeshaingia wavuni. Mchezaji anabonyeza pasi, halafu anasubiri. Kinachofuata ni pedi kutupiwa lawama. Inanunuliwa pedi nyingine, PS (PlayStation, mashine yenyewe ya gemu) inapelekwa kwa fundi ifunguliwe na kupulizwa vumbi, na hali inabaki palepale, kwa sababu kosa halikuwa kwenye pedi wala kwenye PS. TV ndiyo inayochelewesha picha.

Mwongozo huu hauanzi na inchi, wala 4K, wala TV ina Netflix au haina. Hayo muuzaji atakueleza hata bila kumuuliza. Hapa tunapanga TV kwa kutanguliza jambo moja: muda unaopita tangu PS itoe picha mpaka macho yako yaione.

Picha ikiingia kwenye TV haipelekwi moja kwa moja kwenye kioo. Kwanza inasafishwa, inanolewa, inaongezwa rangi, na mwendo wake unalainishwa. Kulainisha mwendo ndiko kunakokula muda mwingi zaidi. Ili TV ibuni fremu ya katikati, yaani picha moja ya ziada kati ya mbili zinazofuatana, lazima iishikilie fremu ya kwanza mpaka ya pili ifike, ndipo izilinganishe. Gemu la fremu 60 kwa sekunde hutoa fremu moja kila milisekunde 16.7. TV nzuri ikiwa kwenye modi ya gemu (setingi inayoruka sehemu kubwa ya usafishaji huo) huchelewa milisekunde 10 hadi 15, yaani chini ya fremu moja. TV hiyohiyo kwenye modi ya sinema au ya kawaida inaweza kufika 80, 100 au zaidi. Hizo ni fremu tano, sita. Penalti imeshapigwa.

Usichanganye tatizo hili na mengine mawili. Gemu la mtandaoni likiganda au wachezaji wakirukaruka, huo ni mtandao, na TV haihusiki. Namna ya kujua ni rahisi: zima intaneti, cheza dhidi ya gemu lenyewe. Uzito ukibaki, ni TV. Mpira ukiacha mkia au kivuli nyuma yake, hiyo ni kasi ya pikseli (vitone vinavyounda picha) kubadilika rangi. Ile "milisekunde 1" inayoandikwa kwenye maboksi ni ya pikseli. Haikuambii chochote kuhusu pedi.

Jinsi ya kuipima dukani

Nenda na PS yako au ya rafiki, pedi, waya wa HDMI na simu yenye uwezo wa kurekodi video ya mwendo wa polepole, fremu 240 kwa sekunde. Weka gemu ambalo ukibonyeza kitufe kuna kitu kinatikisika papo hapo. Rekodi kidole na kioo vikionekana pamoja. Baadaye isogeze video fremu moja moja, uhesabu tangu kidole kinapozamisha kitufe mpaka mchezaji anapotikisika. Kila fremu ya simu ni takriban milisekunde 4.2.

Hesabu hiyo inajumlisha pedi, PS na gemu lenyewe, kwa hiyo ikiwa peke yake haikusaidii. Kinachosaidia ni tofauti. Pima modi ya gemu ikiwa imezimwa, pima tena ikiwa imewashwa. TV ya kweli itapungua kwa fremu za simu kumi na tano, ishirini au zaidi. Kama hesabu ni ileile na kilichobadilika ni rangi tu, basi "Game" iliyoandikwa kwenye menyu ni pambo, na TV hiyo haikufai. Jambo hili halisemwi na halionekani kwenye boksi, lakini ndilo linalotenganisha TV ya kuchezea na TV ya kuangalia taarifa ya habari.

Huna simu ya namna hiyo? Chukua laptopi, iunganishe kwa HDMI, bonyeza kitufe cha Windows pamoja na P, uchague kuonyesha kitu kilekile kwenye vioo vyote viwili. Fungua saa inayohesabu milisekunde, kisha piga picha vioo vyote kwa pamoja mara kadhaa. Kioo cha TV kitaonyesha namba iliyo nyuma. Rudia kwenye TV ya pili na ya tatu kwa laptopi ileile.

Mpangilio wetu

Ya kwanza ni LG, na hatufichi kwamba tunaipendelea. LG za OLED (kioo ambacho kila pikseli inawaka yenyewe) za mfululizo wa C zina paneli ya hezi 120 au zaidi, yaani inaweza kubadilisha picha mara 120 kwa sekunde, na tangu C9 ya mwaka 2019 matundu yote manne ya HDMI ni ya kiwango cha 2.1, kinachopitisha picha za hezi 120, kwa hiyo hujali umechomeka wapi. Kwenye hezi 60 zinachelewa takriban milisekunde 10 hadi 13, na kwenye hezi 120 karibu nusu ya hapo. C2 ya mwaka 2022 ilitoka pia kwa inchi 42, saizi inayofaa chumba cha kupanga ambako kitanda na TV vinatazamana kwa karibu. Tangu mwaka 2021 LG nyingi zina ukurasa wa "Game Optimizer", ambamo setingi za gemu zimekusanywa mahali pamoja.

Asiye na uwezo wa OLED achukue LG ya UHD ya kawaida, yaani 4K yenye kioo cha LCD. Herufi ya pili kwenye jina la modeli inakupa mwaka: UP ni 2021, UQ ni 2022, UR ni 2023, UT ni 2024. Nyingi ni za hezi 60, na kwa PS4 hiyo inatosha kabisa, kwani PS4 haitoi zaidi ya fremu 60. Kulipia hezi 120 kwa ajili ya PS4 ni kumtajirisha muuzaji.

Kuna sababu nyingine ya kuipenda OLED katika nyanda zetu. Kimiminika kilicho ndani ya vioo vya LCD huwa kizito kwenye baridi, na pikseli hubadilika polepole. Juni na Julai, Makete, Njombe, hata Uyole alfajiri, TV ya LCD ikiwashwa huweza kuacha mikia mirefu nyuma ya mpira mpaka ipate joto. OLED haina kimiminika hicho. Mwenye LCD aiwashe nusu saa kabla ya kuanza mechi, na asikubali kuambiwa kioo kimekufa kabla ya kuipa muda huo.

Ya pili ni Samsung. Hata zile za bei ya chini za Crystal UHD zina modi ya gemu ya kweli, na kuchelewa kwake ni takriban milisekunde 10. Kwenye jina la modeli, TU ni ya 2020, AU 2021, BU 2022, CU 2023, DU 2024. Kilichoishusha ni kwamba paneli zake za bei nafuu mara nyingi ni za aina inayofifia ukikaa pembeni. Watu wanne kwenye mkeka mmoja, wawili wa pembeni wanaona uwanja uliopauka. Kwa anayecheza peke yake, au wawili wanaokaa katikati, Samsung na LG ya UHD zinakaribiana sana. Chukua yenye bei nzuri.

Ya tatu ni Hisense ya mfululizo wa U7. U7H ya 2022 ni hezi 120, U7K ya 2023 ni 144. Lakini matundu ya HDMI yenye uwezo huo ni la 3 na la 4 tu, na la 3 ndilo pia la kutolea sauti kwenda kwenye saundiba. Ukiwa na saundiba, PS5 inabakiwa na tundu moja tu la uwezo huo. Watu wengi huchomeka PS5 kwenye la 1, kisha wanasema TV ni feki.

Sony tumeiweka ya nne, na tunajua wapo watakaobisha kwa kuwa Sony ndiyo inayotengeneza PlayStation. Picha yake ni nzuri sana. Ila modeli zake nyingi za 4K, kwenye hezi 60, huchelewa kidogo kuliko LG na Samsung, na matundu ya HDMI 2.1 nayo ni mawili tu. Kwa bei inayotozwa, hapana.

Za bei rahisi hatutazitaja kwa majina. Nyingi zinafungwa bodi ya aina moja na kubandikwa nembo tofauti, na modi yake ya gemu ni ile ya rangi tu. Fedha ikiwa kidogo, nunua monita ya kompyuta iliyotumika, inchi 24, yenye tundu la HDMI. Monita haina mapambo ya picha, kwa hiyo inawahi. Spika haina mara nyingi, kwa hiyo chomeka hedifoni kwenye pedi. Na kwa wenye PS2: TV ya chogo haijapata mpinzani, maana haichelewi karibu kabisa. Vile vibadilishi vya kutoka AV kwenda HDMI vinaongeza kuchelewa kwake juu ya kule kwa TV.

Setingi zinazorudisha pedi mikononi

Anza na hili, maana linaharibu mengine yote: TV nyingi zinazotoka dukani zimeachwa kwenye modi ya duka. Humo, setingi zako za picha zinajifuta zenyewe baada ya muda mfupi na TV inarudi kwenye mng'ao wa maonyesho. Mtu anawasha modi ya gemu, anacheza vizuri kidogo, halafu uzito unarudi, anadhani ni umeme. Ingia kwenye setingi za jumla, ibadilishe iwe "Home". Samsung itakuomba namba ya siri, ambayo kwa kawaida ni 0000.

Kisha washa modi ya gemu ukiwa kwenye HDMI ileile yenye PS. Kwa TV nyingi setingi hukaa kwenye tundu lile tu. Ukihamisha waya ili kupisha king'amuzi, umeiacha nyuma. Kwenye Samsung za 2022 na kuendelea, pita "Connection", kisha "Game Mode Settings". Za miaka michache kabla ya hapo ni "General", kisha "External Device Manager". Ukiikuta "Game Motion Plus", izime, maana inarudisha kulekule kulainisha mwendo. LG chagua modi ya picha ya "Game Optimizer". Kwenye OLED za 2021 na kuendelea kuna kipengele cha kuzuia ucheleweshaji: kiweke "Boost" kama PS yako ni ya hezi 60.

TV kubadilika yenyewe kwenda modi ya gemu ni kazi ya ALLM. PS5 iliipata kwenye sasisho la Septemba 2022. PS4 na PS3 hazina. Muuzaji akikuambia "itajibadilisha yenyewe", muulize kwa PS ipi.

Pedi ya PS4 ya toleo la 2016, ile yenye mstari wa taa unaoonekana juu ya kibao cha kugusa, inaweza kutumia waya badala ya Bluetooth. Nenda "Devices", "Controllers", "Communication Method", uchague USB. Mahali penye PS nyingi chumba kimoja, kama kwenye vibanda, hilo linasaidia hasa, kwa kuwa mawimbi yanagongana.

Kuhusu wauzaji

Linalokera zaidi pale Kabwe na Mwanjelwa ni TV kuuzwa kwa kuwashwa na flashi yenye video ya maua na samaki. Video ya flashi haina pedi, kwa hiyo haiwezi kuonyesha kuchelewa. Ukiomba kuchomeka PS unaambiwa utaharibu tundu, au boksi halifunguliwi mpaka ulipe. Halafu kuna ile namba kubwa ya "200" au "800" iliyobandikwa kioo kizima, ambayo si hezi za paneli bali hesabu ya kampuni ya ulaini wa mwendo, kitu kilekile utakachokizima siku ya kwanza. Unalipishwa kwa ajili ya ugonjwa. Uliza hezi halisi, na jibu likiwa kubwa kuliko 60 kwa TV ya bei ya chini, omba modeli kamili iliyoandikwa nyuma ya TV, uitafute kwenye tovuti ya kampuni ukiwa palepale.

Bei nayo haiandikwi. Inapimwa kwa sura ya mteja, na winga aliyekusindikiza naye anaongezwa humohumo. Dai risiti ya EFD yenye jina la modeli, siyo "TV inchi 43" tu, kwa sababu warantii bila modeli inabishaniwa.

Ukiagiza Dar, TV isafiri ikiwa imesimama kwenye buti la basi, isilazwe na isiwekewe mzigo juu. Ikifika, iwashe mbele ya wakala wa basi kabla hujasaini.