Mkoba wa kujifunzia kushona vidonda: fundo utalijua, iveshoni bado

Ukianzia Kariakoo mpaka maduka ya vifaa tiba jirani na Muhimbili, Upanga, mkoba ni ule ule. Ni mweusi, una zipu, ukubwa wake kama kauntabuku, na ndani kuna pedi ya silikoni ya rangi ya ngozi, vyuma vinne au vitano vilivyobanwa kwa lastiki, na pakiti za uzi. Wanunuzi wake wakubwa ni wanafunzi wa udaktari, uuguzi na utabibu. Mkoba hauna jina la kampuni linaloeleweka, na tofauti kati ya mkoba mmoja na mwingine ni kubwa kuliko muuzaji anavyokubali anaposema, "Dokta, zote sawa tu."

Kikaratasi kilichomo ndani kinaahidi kwamba ukimaliza mazoezi utajua kufunga fundo, kushona aina sita za mishono na kupata iveshoni, yaani kingo za jeraha zigeuke ziangalie nje. Mawili ya mwanzo ni kweli kwa kiasi kikubwa. La tatu si kweli, na ndilo lenye uzito zaidi kwa mgonjwa.

Tuanze na neno iveshoni lenyewe, kwa kuwa hapo ndipo kikaratasi kinapoanza kupotosha. Limetokana na Kilatini, evertere, yaani kugeuza kitu kiangalie nje. Kikaratasi kimeandika "pindua jeraha", na anayesoma hivyo atadhani jeraha lote linageuzwa kama mfuko wa suruali. Kinachogeuzwa ni kingo mbili za ngozi, tena kidogo sana. Zinainuka na kukutana kama midomo ya mtu anayepuliza chai ya moto, mpaka mstari wa jeraha uwe juu ya ngozi ya pembeni kwa milimita moja au mbili.

Sababu yake iko kwenye tabaka za ngozi. Epidemisi, lile tabaka la juu, uso wake ni mkavu na umeundwa na seli zilizokwisha kufa. Demisi iliyo chini yake ndiyo yenye mishipa ya damu na nyuzinyuzi za kuunga. Ili jeraha lishike, demisi ya upande huu iguse demisi ya upande ule. Kingo zikijikunja ndani, epidemisi inagusa epidemisi, na hizo haziungani. Uzi unashikilia, siku ya kuutoa inafika, na jeraha linaachia. Hata likiunga, linaacha mfereji unaotupa kivuli, na usoni kivuli hicho huonekana kutoka mbali. Tena kovu hujivuta na kulala kadiri wiki na miezi inavyopita. Lililoinuka kidogo leo litakuja kuwa sawa na ngozi, na lililokuwa sawa leo litazama.

Hospitalini neno hili lina kazi nyingine pia. Iveshoni ya wayo ni kuugeuza wayo uelekee nje, na iveshoni ya kope ni kuligeuza kope la juu ili utafute mchanga. Ukilisikia wodini, uliza ni iveshoni ya nini. Kwenye utumbo mambo yanaweza kugeuka kabisa. Mshono ambao Mfaransa Antoine Lembert aliueleza mwaka 1826 huziingiza kingo ndani, kwa kuwa kinachonata haraka kwenye utumbo ni utando wake wa nje, na utando huo unatakiwa ukutane na mwenzake. Aliyekariri "kingo ziangalie nje" bila kujua sababu, akifika kwenye utumbo atapotea.

Neno lingine linaloleta mkanganyiko dukani ni nyuzi. Mtaani mtu akisema kashonwa nyuzi saba, anahesabu mishono, na huenda uzi wenyewe ulikuwa mmoja. Muuzaji akisema mkoba una nyuzi 12, anahesabu pakiti. Pakiti moja kwa kawaida ni sentimita 75 za uzi ulioungwa moja kwa moja kwenye sindano. Ukifunga kwa chuma na si kwa mkono, ukaacha mkia mfupi, utapata mishono nane hadi kumi. Kwa hiyo pakiti 12 zinakupa mishono mia moja hivi, na hiyo ndiyo hesabu ya kulinganishia bei.

Tazama namba iliyoandikwa kwenye pakiti. Sufuri zikiongezeka, uzi unakuwa mwembamba zaidi: 2-0, yaani sufuri mbili, ni mnene kuliko 3-0, na kati ya zote tatu 4-0 ndio mwembamba zaidi. Nailoni ya 3-0 ina kipenyo cha milimita 0.2 na ushee. Mkoba uliojaa 2-0 ni rahisi kuutumia lakini unakudanganya, kwa kuwa uzi mnene unasamehe mkono mzito. Chagua wenye 3-0 na 4-0, na sindano iliyopinda kwa theluthi moja ya duara na ushee, yenye makali ya kukata ngozi. Hariri ni laini na hushika fundo haraka. Nailoni hukumbuka jinsi ilivyoviringishwa kwenye pakiti na hutaka kurudi huko, ndiyo maana fundo lake hufunguka. Ipitishe mara mbili kwenye fundo la kwanza, kisha ongeza mafundo ya mzunguko mmoja yasiyopungua matatu, kila moja likigeuza mwelekeo wa lililotangulia. Ukisahau kugeuza, fundo linateleza. Hapa mkoba unafanya kazi nzuri kweli, kwa sababu pedi itakuonyesha kosa hilo papo hapo: mshono unalegea ukiwa unautazama. Mikia ya nailoni iache ya nusu sentimita, ili atakayeitoa apate pa kushika.

Kwenye vyuma, anza na kishika sindano, kwa kuwa ndicho kinachoharibika mapema. Mwombe muuzaji akufungulie pakiti moja. Bana sindano kwenye ncha za chuma, funga mpaka jino la pili la kufuli yake, lile lililo kwenye mpini, kisha jaribu kuizungusha kwa vidole. Ikizunguka kirahisi, rudisha mkoba. Taya zisizobana vizuri huifanya sindano igeuke ubavu katikati ya ngozi, na mwanafunzi anajilaumu mkono kumbe kosa ni la chuma. Fosepsi, kile kibanio cha kushikia ngozi, iwe na meno madogo kwenye ncha. Mikoba mingi inakuja na ile isiyo na meno, na wengi hudhani hiyo ndiyo ya upole. Ni kinyume chake: isiyo na meno inakulazimisha ubane kwa nguvu ili ngozi isiteleze, na unachobana kinapondeka. Yenye meno inainua ukingo kwa kuudokoa tu. Kisu kikiwa na mpini namba 3, bledi (nyembe zake) za 10, 11 na 15 zitaingia. Zilizoanzia 20 zinataka mpini namba 4, na mikoba kadhaa imechanganya mpini wa namba hii na bledi za namba ile. Mkasi hauna neno.

Sasa njia ya sindano, ambayo ndiyo iveshoni yenyewe. Ishike sindano karibu theluthi moja kutoka pale uzi ulipoungwa. Ingia milimita tano kutoka ukingoni, ncha ikiwa wima kabisa juu ya ngozi. Hapa ndipo wengi wanapoteleza: wanaingia kwa kulala, sindano inapita juu juu, na wakikaza kingo zinazama. Baada ya kuingia wima, sukuma ncha iende mbali kidogo na jeraha kabla ya kuizungusha irudi upande wa pili, halafu itoke kwa kipimo na kina kile kile. Ukikata ngozi na kutazama ubavuni, njia ya uzi iwe na umbo la mtungi: shingo nyembamba juu, tumbo pana chini. Tumbo hilo likivutwa na fundo, nyama ya chini inasogea katikati na kuzisukuma kingo juu. Njia ikiwa na umbo la bakuli, pana juu na nyembamba chini, kingo zitaingia ndani hata ufunge fundo zuri namna gani.

Pale ngozi inapokataa, kuna mshono wa mbali-mbali, karibu-karibu. Ingia milimita nane kutoka ukingoni, pita chini, toka milimita nane upande wa pili. Geuza sindano, rudi kwa kuingia milimita mbili kutoka ukingoni, juu juu, na utoke milimita mbili upande ulioanzia. Fundo linakaa upande mmoja. Mzunguko wa mbali unabeba mvuto, na wa karibu unazibinua kingo.

Je, pedi inaweza kufundisha haya? Pedi nzuri ina tabaka tatu, ngozi, mafuta na misuli, na wavu mwembamba chini ya ngozi unaozuia uzi usichane silikoni. Ikague ubavuni, wavu unaonekana kama mstari mweupe. Isiyo na wavu inachanika mara tu ukishona chini ya milimita tatu kutoka ukingoni, maana yake ule mzunguko wa karibu-karibu hauwezekani kabisa. Hiyo usinunue.

Lakini hata yenye wavu ina kasoro mbili zisizorekebishika. Tabaka zake zimegandishwa pamoja. Ngozi ya mtu huteleza juu ya mafuta, na ukingo wake hujikunja ndani wenyewe, hasa ngozi ikiwa legevu kama mgongoni mwa kiganja cha mzee. Silikoni haijikunji, kwa hiyo mwanafunzi anashinda vita ambayo hakuipigana. Kasoro ya pili ni mbaya zaidi. Ukikaza mno, silikoni laini inafura katikati na kuinuka. Inapendeza, inapigwa picha, na kikaratasi kinaiita iveshoni. Huko ni kukaba. Kwa mgonjwa, jeraha huvimba katika siku mbili za mwanzo, na uzi uliokazwa hivyo unanyima damu, unakata ngozi na kuacha alama kama mataruma ya reli. Fundo linatakiwa lizikutanishe kingo, basi. Kama ngozi imepauka chini ya uzi, umepita kiasi.

Njia moja ya kuilazimisha pedi iseme ukweli: shona mshono mmoja milimita tano au sita kutoka mwisho wa jeraha la kuchongwa, funga, kisha kata pedi kwa kisu kando kabisa ya uzi na utazame ubavuni. Ama utaona mtungi, ama bakuli. Inakula pedi, lakini mikato mitatu ya namna hiyo inafundisha kuliko mishono hamsini inayotazamwa kwa juu tu.

Kwa iveshoni yenyewe, tafuta paja la kuku wa kisasa lenye ngozi yake. Kwingineko duniani wengi hutumia miguu ya nguruwe, lakini hapa Dar es Salaam si kila mtu atakubali kuishika, na wala hakuna ulazima. Kongoro la ng'ombe halifai, kwa kuwa ngozi iliyobabuliwa ni ngumu na inapinda sindano. Kuku wa kienyeji naye ngozi yake ni nzito mno. Ya kuku wa kisasa ni nyembamba, inateleza juu ya mafuta, na ukiichana tu inajikunja ndani, yaani inakupa tatizo lile lile unalotaka kujifunza kulitatua. Likaushe paja kwa tishu, lilaze juu ya kibao, chana sentimita nne kwa bledi ya 15, ngozi pekee. Tumia 4-0. Ingia milimita tatu kutoka ukingoni, kwa kuwa ngozi yenyewe ni nyembamba. Mishono ya mwanzo itazama. Mkono ukianza kuchora mtungi, kingo zinainuka ghafla, na tofauti unaiona bila kuambiwa. Nyama hiyo usirudishe jikoni.

Baada ya kuku, osha vyuma kwa sabuni na brashi, hasa kwenye bawaba, vikaushe kabisa na utie tone la mafuta ya cherehani. Kwa unyevu na chumvi ya hewa ya pwani, chuma cha mikoba hii kikilala na maji usiku mmoja huanza kutu. Sindano zilizotumika ziweke kwenye chupa ngumu yenye kifuniko, ikijaa ipeleke kituo cha afya kwenye sefti boksi, lile boksi la kutupia vitu vyenye ncha kali. Na hata kama pakiti ya uzi inaonekana safi na imefungwa vizuri, ikiandikwa ni ya mazoezi, haigusi ngozi ya mtu.

Kwa bei, zaidi ya shilingi 60,000 usitoe isipokuwa fosepsi ina meno, pedi ina wavu na kishika sindano kimepita jaribio la jino la pili. Kama umeshapata vyuma vizuri kwa kaka au dada aliyemaliza chuo, nunua pakiti za 3-0 na 4-0 peke yake, na fedha ya pedi ipeleke kwa muuza kuku.