Onyesho la utengenezaji wa Steamboat Willie, Dodoma

Jumamosi jioni nililipa shilingi 3,000 katika ukumbi mdogo wa video ulio karibu na Nyerere Square, nikatazama Steamboat Willie, katuni ya mwaka 1928 ya studio ya Walt Disney, pamoja na maelezo ya namna ilivyotengenezwa. Mwenye ukumbi aliisimamisha picha pale mbuzi anapokula karatasi za muziki, naye Minnie, panya wa kike katika katuni hiyo, anauzungusha mkia wa mbuzi huyo kama mpini wa gramafoni hadi wimbo unatoka kinywani mwa mbuzi. Ndipo akatueleza kwamba sehemu kubwa ilichorwa na Ub Iwerks, na kwamba Wilfred Jackson, mfanyakazi mwenzake, alitumia kifaa cha kupimia mapigo ya muziki ili kila mwendo uangukie kwenye mdundo wake. Kabla ya kurekodi sauti, wafanyakazi wa Walt Disney waliijaribu katuni hiyo kwa kupiga ala wenyewe huku picha zikipita. Maelezo hayo peke yake yanatosha kwa kiingilio, kwani hata watoto waliokaa mbele yangu waliziacha zabibu zao wakasikiliza. Spika ya kushoto ilikwaruza mwanzo hadi mwisho, kasoro nzito kwa filamu inayotegemea sauti kiasi hiki. Ikibadilishwa, nitawaleta wanangu.