Bacula na Bareos kwenye seva moja: poti zilivyogongana studioni kwangu Lamu

Mimi hupiga picha na video za harusi hapa Lamu, upande wa kina mama. Mle ndani wanawake huvua mabuibui, kwa hivyo picha zile ni amana. Siwezi kuzipeleka kwenye seva za watu nisiowajua. Ndiyo maana nina seva yangu chumba cha ndani, na kila usiku Bacula, programu ya kutunza nakala za akiba, hunakili kazi ya siku. Imewahi kunirudishia harusi nzima diski ilipokufa. Siisahau siku hiyo.

Majuzi nikataka kuijaribu Bareos, programu nyingine ya kazi hiyohiyo, nikaisakinisha kwenye seva ileile. Sikukumbuka kwamba Bareos ilichipuka kutoka Bacula mwaka 2010, na zote mbili hutumia poti (milango ya mawasiliano yenye namba) zilezile: 9101 ya mwelekezi wa kazi, 9102 ya kusoma mafaili, 9103 ya kuhifadhi. Kwa kuwa Bacula ilikuwa imeshazishika, Bareos haikufanya kazi, nami nikaiacha. Kisha stima ikapotea. Iliporudi, Bareos ikatangulia kuwaka, ikazikalia poti zote.

Usiku mbili hazikuandikwa nakala, na harusi ya kijijini Shela ilikuwa bado kwenye kadi za kamera tu. Nilipoangalia hali ya Bacula nikaona iko hai. Kumbe ikikuta poti imeshikwa haizimiki, hungoja na kujaribu tena na tena. Logi, yaani kumbukumbu za programu, ilikuwa imeandika wazi kwamba 9103 inatumika. Nikaandika sudo ss -tlnp, amri ya kuonyesha programu gani imeshika poti gani, jina la Bareos likatokea mbele ya poti.

Nikaihamishia Bareos 9111, 9112 na 9113. Hapa palinila saa nzima: nilibadilisha namba kwenye faili la sehemu ya kuhifadhi, nikasahau faili la mwelekezi, ambalo nalo hutaja poti hiyo. Mwelekezi wa Bareos akaendelea kubisha 9103, akaitikiwa na Bacula, na kosa lililotokea likawa la nywila. Nikahangaika na nywila ambazo hazikuwa na tatizo lolote! Ukibadilisha poti, badilisha pande zote mbili, na ukuta wa moto (firewall) pia kama kompyuta nyingine huunganishwa na seva hiyo.

Bacula nabaki nayo, ingawa mafaili yake ya mipangilio yanataka subira. Bareos nimeizuia isiwake yenyewe. Na sasa kila stima ikirudi, kabla sijagusa kamera, naingia bconsole, dirisha la amri za Bacula, kuangalia kazi ya mwisho.